Mwalimu, Njoo Utuandikie

Shule ya kwanza niliyofundisha haikuwa na kengele. Ilikuwa na rimu ya lori iliyofungwa kwa waya kwenye tawi la mkuyu, na kipande cha nondo cha kuipigia. Ikilia saa mbili asubuhi watoto wanaingia mstarini. Ikilia saa sita mchana wanakwenda kula. Nilikaa pale miezi kadhaa kabla sijajua kuwa rimu ile ina kazi nyingine. Kule mashambani, upande wa chini, ilipolia saa sita mtu mmoja aliinama akaziba mdomo wa jaruba lake kwa majani na udongo, na jirani yake akazibua la kwake. Zamu ya maji ilifuata kengele ya shule. Siku moja nilichelewa kuipiga kwa robo saa, maana nilikuwa namalizia hesabu za darasa la nne. Wazee wawili wakaja kunisubiri nje ya ofisi. Hawakuja kugomba. Walitaka kujua robo saa ile ni ya nani.

Sikuwa na jibu. Nilikuwa na miaka 18, nimetoka chuo cha ualimu juzijuzi tu, na jambo kama hilo hatukufundishwa. Mmoja wao akasema, "Basi mwalimu, njoo utuandikie." Nikachukua daftari la kaunta, nikaenda nao mpaka kwenye banio, pale maji ya mto yanapogeuzwa kuingia mferejini, nikaandika majina ya wenye mashamba kwa kufuata mfereji, kuanzia wa juu hadi wa mkiani, na mbele ya kila jina saa zake. Huo ulikuwa mwaka 1963. Udiwani niliupata mwaka 2000, nikaukalia miaka mitano. Lakini nikihesabu tangu siku ya daftari lile, nimefanya siasa hapa Rujewa miaka zaidi ya arobaini.

Habari za mwalimu aliyeingia siasa katika nchi hii huanzia Pugu, na ni haki zianzie pale. Julius Nyerere alifundisha St. Mary's, Tabora, kabla ya kwenda kusoma Edinburgh mwaka 1949, na aliporudi akafundisha St. Francis, Pugu. TANU ilipozaliwa tarehe 7 Julai 1954 ndiye aliyekuwa rais wake, huku bado anasahihisha madaftari ya wanafunzi. Machi 1955 akaacha kazi na mshahara wake. Oscar Kambona naye aliacha kufundisha Dodoma akaenda kukitumikia chama. Ali Hassan Mwinyi alikuwa mwalimu Zanzibar. John Magufuli alifundisha kemia na hisabati Sengerema. Katika marais sita wa Jamhuri ya Muungano, watatu walishika chaki, na jina lililomganda wa kwanza mpaka kaburini Butiama ni Mwalimu.

Mwalimu wa kijijini hakupitia njia hiyo. Hakuna siku aliyoketishwa akaambiwa achague baina ya darasa na siasa. Alivutwa kidogo kidogo, barua moja, orodha moja, ugomvi mmoja wa mpaka, mpaka siku aligeuka akakuta ameshafika. Kilichomvuta hapa kwetu kilikuwa maji.

Asiyeijua Rujewa aifikirie hivi. Ukitoka Makambako kwenda Mbeya, barabara kuu inashuka hadi Igawa, na hapo unaiacha ukaingia tambarare ya Usangu. Nyuma yako ni milima ya Kipengere, na kutoka huko inashuka mito: Mbarali, Kimani, Chimala na mingine. Yote inakwenda kuulisha Ruaha Mkuu, inatandazika katika mbuga ya majimaji ya Ihefu, kisha inatoka kwa mlango mwembamba wa mwamba pale Ng'iriama, inapita Hifadhi ya Ruaha, inafika bwawa la Mtera. Mvua ya tambarare hii ni chache na ya msimu mmoja. Mwenye mfereji anakula, asiye nao anahesabu mawingu.

Wasangu wa zamani walisifika kwa ng'ombe na kwa vita. Katika karne ya 19 ukoo wa Merere ulipigana na Wahehe miaka mingi, ukasukumwa hadi karibu na ilipo Mbeya ya leo, na ukarudi Usangu wakati wa Wajerumani, baada ya kusimama upande wao dhidi ya Mkwawa, mtawala wa Wahehe. Hilo lilikuwa linatuuma hata sisi watoto. Fuvu la Mkwawa liliporudishwa Kalenga Juni 1954 nilikuwa darasa la pili. Iringa walishangilia. Kwetu wazee walinyamaza, na mwalimu wetu alisimama mbele ya ubao akiwa na watoto wa Kihehe na wa Kisangu kwenye dawati moja, akatuambia tufungue kitabu cha hesabu. Nilidhani ameogopa. Nilipoanza kufundisha mimi mwenyewe nikaelewa kwamba siku ile alikuwa anawaangalia wote.

Mwalimu huyo alikuwa zao la Malangali, shule iliyofunguliwa mwaka 1928 chini ya Mwingereza aliyeitwa Mumford, ambaye aliamini mtoto wa Kiafrika asisomeshwe akasahau kwao. Kwa hiyo wavulana walisoma wakiwa wamevaa mashuka, walicheza ngoma zao, walitupa mikuki, na wazee waliitwa kuwafundisha mila. Mwalimu wetu aliweza kutupa mkuki ukachoma shina la mgomba kutoka mwisho wa uwanja hadi mwisho, na aliweza kuandika barua kwa Bwana Shauri, mkuu wa wilaya wa kikoloni, kwa mwandiko uliosimama kama mistari ya rula. Shule yetu ilikuwa ya mamlaka ya wenyeji, kwa hiyo mshahara wake ulitoka kwenye hazina ya chifu. Serikali ya kikoloni ilikuwa imewakataza watumishi wake kuingia TANU. Darasani hakuitaja hata siku moja. Ila mimi, niliyekuwa nikimchotea maji jioni, nilimwona akiandika kwa taa ya chemli, na mtu nisiyemjua amekaa kitako mlangoni akisubiri bahasha.

Mpunga wa kumwagilia ulitufikia baada ya zama zile za ng'ombe na vita. Walioonyesha njia ni Mabulushi, waliofika Usangu kwa biashara wakakaa, wakaoa, wakachimba mifereji na kutengeneza majaruba. Nilikua nikiyaona. Wenyeji wakajifunza kwa kufanya vibarua, kisha wakachimba ya kwao. Banio la siku zile lilikuwa miti iliyosimikwa mtoni, ikasukwa matawi, ikakandikwa majani na udongo. Masika ikija na nguvu inaling'oa lote, na watu wanarudi kulijenga tena kwa pamoja. Asiyekuja kwenye kazi ya banio hapewi maji. Hiyo ndiyo ilikuwa sheria, na haikuandikwa popote kwa sababu kila mtu alimwona asiyekuja.

Mlinzi wa sheria hiyo alikuwa jumbe, na juu ya jumbe chifu. Mwaka uleule nilioanza kazi, 1963, mamlaka ya machifu yakafutwa nchi nzima. Naliunga mkono jambo hilo hadi leo. Lakini kesho yake asubuhi mfereji ulikuwa palepale, na mtu wa juu alikuwa amenywesha majaruba yake matatu wakati wa mkiani hana hata tone la kulowesha kitalu, na hakukuwa na jumbe wa kumwamuru azibe. Wazee walinijia kwa sababu hiyo. Kijana wa miaka 18 hakuwa na busara ya kuwazidi. Alikuwa na saa ya mkononi, daftari lenye mistari, na hakuwa na shamba kwenye mfereji ule. Hilo la tatu ndilo walilolitaja wenyewe.

Daftari likanifundisha kazi ambayo chuo hakikunifundisha. Kila Jumamosi ya kuzibua mfereji niliita majina kama ninavyoita mahudhurio. Aliyefika, alama. Aliyemtuma mtoto wake wa shule, alama nusu, na Jumatatu namwuliza mtoto kwa nini alichoka. Nilijua nani ana jembe, nani anaumwa, nani amelewa, nani amegombana na mkewe. Mgombea udiwani wa leo hukodi pikipiki na spika ili ayajue hayo.

Kisha Azimio la Arusha likatangazwa Februari 1967, na Elimu ya Kujitegemea mwezi mmoja baadaye, na kalamu ambayo mkoloni aliikataza sasa ikaamriwa. Mwalimu mkuu akawa katibu wa kila kitu. Kamati ya shule, mwalimu. Kisomo cha watu wazima, mwalimu. Mwaka 1973, wakati wa kampeni ya Mtu ni Afya, kikundi kilikusanyika kuzunguka redio, na mwalimu ndiye mwenye betri na kitabu. Baada ya kipindi watu walikubaliana kuchimba vyoo, na mwalimu akahesabu mashimo. Mwaka 1974, kwenye Operesheni Vijiji, niliambiwa niandike orodha ya kaya zinazotakiwa kuhamia barabarani. Niliiandika. Mwandiko wangu ulikuwa mzuri kwenye karatasi ile kuliko kwenye nyingine zote, kwa kuwa ilikwenda wilayani. Wapo waliohamishwa wakaacha mifereji yao, na kwenye kijiji kipya wakapewa kiwanja kizuri kisicho na maji. Baadhi ya majina yale niliyaandika mara mbili maishani mwangu, mara ya kwanza kwenye daftari la zamu na mara ya pili kwenye orodha ya kuhama, na sijayasahau.

Katika yote ya miaka ile, kisomo ndicho kilichonibadilisha. Mwaka 1967, katika kila watu wazima mia, 67 hawakujua kusoma wala kuandika. Kufikia 1975 walibaki 39. Hizo ni namba za taifa. Hapa kwangu namba hizo zina uso mmoja. Alikuwapo mama mmoja mjane aliyekuja kisomo kila alasiri, mtoto mgongoni, akakaa benchi la mbele. Alijifunza polepole. Siku moja baada ya somo akaomba alione daftari la zamu. Nikampa, nikafurahi, nikidhani anataka kujipima. Akalisoma kwa kidole, silabi kwa silabi, kurasa mbili nzima, watu wengine wakitoka mmoja mmoja. Akafika mahali palipokuwa na jina la marehemu mumewe. Pamekatwa mstari, na saa zake nne zimegawanywa kwa shemeji zake wawili, mbili na mbili.

Aliniuliza, "Mwalimu, mwandiko huu ni wa nani?"

Ulikuwa wangu. Wazee waliniambia, nami nikaandika, kama nilivyoandika mengine yote. Miaka sita alikuwa akinunua maji kutoka kwa shemeji zake kwa debe la mpunga kila msimu, akiamini ndivyo ilivyo. Nililifuta lile kosa mbele yake, nikarudisha saa mbili kwa jina lake, na usiku ule nikaitwa kwenye kikao cha wazee kilichoninyima usingizi. Hawakunipiga wala kunifukuza. Waliniambia kwamba mwandishi haamui. Mimi nikawaambia kwamba nimekuwa nikiamua tangu siku ya kwanza, ila nilikuwa sijui. Mpaka leo nasema siasa yangu, ile niliyoijua kuwa ni siasa, ilianza kikaoni pale.

Darasani nchi ilikuwa inabadilika mbele ya macho yangu. Azimio la Musoma la Novemba 1974 lilitaka kila mtoto awe shuleni kufikia 1977. Wakaja watoto mamia kwa mamia, na walimu wa UPE, yaani wa mpango wa elimu ya msingi kwa wote, vijana waliomaliza darasa la saba wakafundishwa kazi huku wanafanya kazi. Wamebezwa sana. Mimi nilifanya nao kazi, na naomba niseme: bila wao madarasa yale yangekaa na watoto na ubao bila mtu wa kuwasha moto. Shamba la serikali la Mbarali, zaidi ya hekta 3,000, lilijengwa miaka hiyohiyo kwa msaada wa China. Baadaye likaja la Kapunga. Kazi ikavuta watu. Ukichukua madaftari ya mahudhurio ya shule kuanzia 1963 hadi 1990 ukayasoma kwa mfululizo, unasoma jinsi Usangu ilivyojaa: kwanza majina ya hapa na ya kina Mabulushi, kisha ya Wabena na Wakinga walioshuka kutoka milimani, kisha yale yanayoanza na Mwa, ya Wanyakyusa na Wasafwa, kisha kina Masanja na Mabula walioletwa na ng'ombe kutoka Usukumani. Kila jina jipya lilikuwa mdomo mwingine kwenye mto uleule.

Mto ukasema mwishoni mwa 1993. Ruaha Mkuu, ambao babu zetu hawakuzoea kuuona umekatika, ulisimama kule hifadhini. Uliendelea kukauka wakati wa kiangazi miaka mingi iliyofuata. Umeme ulipokatika mijini, magazeti yalisema mkulima na mfugaji wa Usangu wamelimaliza bwawa la Mtera. Nilikuwa mwalimu wa jiografia, nikawaeleza wanafunzi kile ninachokijua: Mtera hujazwa na maji ya masika, na masika mito hii humwaga kuliko mifereji yote inavyoweza kunywa. Watafiti waliofanya kazi hapa Rujewa mwishoni mwa miaka ya 1990 walikuja kusema hivyohivyo, kwamba kukatika kwa umeme kulihusu zaidi jinsi mabwawa yalivyoendeshwa. Lakini walisema pia jambo ambalo wengi wetu hatukutaka kulisikia. Kukauka kwa mto wakati wa kiangazi kulikuwa kwetu, kwenye mabanio yetu.

Mwaka 2000 Mbarali ikamegwa kutoka Wilaya ya Mbeya ikawa wilaya, na Rujewa makao yake makuu. Baraza jipya la madiwani likahitaji watu. Baada ya vyama vingi kurudi 1992, mtumishi wa umma aliyetaka uongozi wa kisiasa ilimbidi aweke kwanza chaki chini. Kalamu iliyokatazwa na mkoloni, ikaamriwa na chama kimoja, ikakatazwa tena. Naliona hilo kuwa sawa kwa mtoto wa shule, asifundishwe na mtu anayemwombea baba yake kura. Lakini kijiji kilipoteza kitu. Mimi nilikuwa na miaka 55. Wazee wakaja nyumbani, wengine ni watoto wa wale wa 1963, wakaketi, mke wangu akawapa chai, wakasema maneno yaleyale: "Mwalimu, njoo utuandikie." Safari hii walimaanisha halmashauri. Nikastaafu kwa hiari.

Barazani tuliitwa waheshimiwa. Nilipotoka nje ya lango niliitwa Mwalimu, na hilo lilinilinda kuliko kanuni yoyote. Karani aliyenipa posho ya kikao nilimfundisha kugawanya kwa mlalo. Mama aliyeniuzia vitumbua alijua nilivyokuwa nikiwaambia watoto kuhusu kuchukua kisicho chako. Diwani asiyekuwa na wanafunzi wa zamani anaweza kujificha kwenye kata yake mwenyewe. Mimi kila nilipopita kulikuwa na mtu aliyewahi kusimama nimuulize, na sasa zamu ilikuwa yake kuniuliza.

Kazi niliyoijua niliifanya vizuri. Ada ya shule za msingi ilikuwa imefutwa, na Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Msingi (MMEM) ulipoanza 2002 fedha za madarasa zikashuka hadi kwenye akaunti ya kamati ya shule. Nilikwenda shule kwa shule na daftari, nikawafundisha wajumbe kuandika risiti ya kila mfuko wa saruji na kuibandika ukutani. Kwenye vikao vya baraza nilisoma muhtasari uliopita nyumbani, usiku, neno kwa neno, na tulipofika kwenye yatokanayo mkono wangu ulikuwa juu. Wenzangu wengine walichoka nami. Muhtasari ndipo ahadi zinapolala, na asiyeusoma hawezi kuziamsha.

Kazi niliyodhani naijua, ya maji, niliikosea. Mabanio ya miti na majani yalikuwa yanabadilishwa kuwa ya zege yenye milango ya chuma, na wakulima wa mfereji wetu walilitaka la kwao. Nililipigania. Nilisimama barazani nikasema wanawake na vijana wameumia migongo kujenga upya banio kila mwaka. Ilikuwa kweli. Likajengwa, tukashangilia, tukachinja mbuzi. Ambacho sikukifikiria ni kwamba banio la zamani lilikuwa linavuja. Maji yaliyopenya kwenye matawi ndiyo yaliyokuwa yakiendelea mtoni kwa wenzetu wa chini, na zege halivuji. Tena, banio lilipoacha kubomoka, ile siku ya kazi ya pamoja ikafa, na kwa kufa kwake mtu wa juu hakuwa na haja tena ya mtu wa mkiani. Juu ya hayo kulikuwa na ada za haki ya maji zilizolipwa kwa mamlaka ya bonde. Aliyelipia aliona maji ni yake, akayaacha yamwagike usiku kucha kwenye shamba lililokwisha kushiba.

Msimu wa tatu alinijia mtoto wa yule mama wa kisomo, sasa mtu mzima mwenye mvi chache, analima mkiani kwa saa zilezile mbili. Akaniamkia, akaniomba tutembee. Tulianzia kwenye banio tukafuata mfereji mpaka shambani kwake, mwendo wa saa nzima na zaidi, yeye mbele mimi nyuma. Hakusema neno njia nzima. Juu maji yalikuwa ya magoti. Katikati yalikuwa ya vifundo. Tulipofika kwake kulikuwa na tope lenye nyayo za ng'ombe, na miche ya mpunga ndani ya kitalu imegeuka rangi ya kahawia.

Miaka hiyohiyo watafiti, mmoja wao akiitwa Bruce Lankford, walikuwa wakizunguka vijijini na mchezo wa ubao. Ubao uliinamishwa, umechorwa mto na mifereji, na goroli zilimwagwa kutoka juu zikishuka kama maji. Kila mchezaji alikuwa na vijiti vya kuzigeuza ziingie kwenye shamba lake. Walicheza wazee, wanawake, wenye mashamba ya juu na ya chini. Raundi ya kwanza watu walicheka sana. Wa juu walijaza mashamba yao goroli zikafurika, wa chini wakabaki na mikono mitupu. Kisha waliambiwa wabadilishane viti. Nilimwona mtu ninayemjua, mwenye ekari nyingi karibu na banio, amekaa mwisho wa ubao akisubiri goroli ambazo haziji. Alikaa kimya muda mrefu. Nilifundisha miaka 37, na sijapata kuona somo lililoingia namna hiyo. Baada ya hapo, kwenye mfereji wetu, tulikubaliana mlango wa chuma ufungwe usiku kuanzia Agosti, na ufunguo ukae kwa mtu wa mkiani. Wote tulitia saini daftarini.

Mwaka 2005 sikurudi. Kwenye kura za maoni walikuwapo wenye pesa, nami nilikuwa na pensheni. Nimelisema, nimelimaliza.

Kilichofuata nilikiona nikiwa raia. Mwaka 2001, mjini London, Waziri Mkuu Frederick Sumaye alikuwa ameahidi kwamba kufikia 2010 Ruaha Mkuu utatiririka mwaka mzima. Mwaka 2006 na 2007 wafugaji wakaondolewa Ihefu, na ng'ombe wao wakapelekwa hadi Pwani na Lindi. Mwaka 2008 mipaka ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha ikasogezwa ikameza sehemu kubwa ya bonde, na vijiji vikajikuta ndani ya mistari ya ramani. Watu wakaanza kutafuta ushahidi kwamba walikuwapo. Wakaja kwangu. Walitaka madaftari ya mahudhurio, ya shule zilizokuwa kwenye vijiji hivyo, yaonyeshe mtoto wa nani alijibu "nipo" mwaka gani. Tulifungua makabati, tukapangusa vumbi na kinyesi cha popo, na nikawanakilia kurasa nilizoweza. Sikuwahi kudhani ile kazi ya kila asubuhi, ya kuita majina na kutia alama, ingekuja kuulizwa jambo zito namna hiyo. Mazungumzo ya mipaka yaliendelea miaka mingi baada ya hapo, na nyumba nyingi zilikaa na begi limefungwa karibu na mlango.

Sasa nina miaka 80. Kabla ya uchaguzi wa serikali za mitaa wa Novemba 2024 alikuja kijana aliyekuwa anagombea uenyekiti wa kitongoji. Babu yake alikuwa mmoja wa wale wawili walionisubiri nje ya ofisi. Nilidhani ameleta fomu ya wadhamini. Akaomba daftari la kwanza la zamu ya maji, kama bado ninalo, kwa sababu kwenye mfereji kuna ugomvi na hakuna anayekumbuka mpangilio wa mwanzo.

Ninalo. Jalada limekwisha, mchwa wamekula pembe, lakini wino unasomeka. Tulikaa mezani alasiri yote, mimi nikisoma, yeye akiandika kwenye daftari jipya. Mwandiko wake si mzuri, na nilimwambia. Tulikwenda jina kwa jina, kutoka juu hadi mkiani, na wengi wa waliotajwa wako makaburini. Chini ya ukurasa wa kwanza, baada ya jina la mwisho, kuna mstari niliouandika mwaka uleule wa 1963, baada ya wazee kuamua kuwa kesho yake kengele ilie robo saa mapema ili aliyekosa arudishiwe: *Robo saa. Deni la mwalimu. Limelipwa.*

Akauliza kama huo nao aunakili. Nikamwambia aunakili kama ulivyo.